Pua ya Kinuyo

Kwa miaka miwili Kinuyo Igarashi alikuwa hasikii harufu wala ladha ya kitu chochote, na hapana mtu aliyejua. Mafua makali ya majira ya baridi ndiyo yaliyomfanyia hivyo. Alilala godoroni karibu wiki nzima, akaamka, akajimiminia chai, akaona anakunywa maji ya moto tu. Akasema moyoni, itarudi. Haikurudi. Mjini yuko daktari ambaye pengine angemsaidia, lakini daktari si mpiga ramli. Lazima kwanza umwambie unaumwa nini, na Kinuyo hakuwa tayari kumwambia mtu yeyote, hata marehemu mumewe, ambaye alizoea kumpa habari zote za nyumba kila asubuhi mbele ya madhabahu yake.

Ungemjua Kinuyo usingeshangaa. Kitongoji chao kiko juu kabisa, pale mkoa wa Yamagata, huko Japani, unapoanza kuwa mlima mtupu, na siku hizi kina nyumba nne tu zenye watu; nyingine zimefungwa, wenyewe wamehamia mjini Sendai au wamehamia makaburini. Mahali padogo hivyo kila mtu anajulikana kwa lake. Mzee Tokuji anajulikana kwa figili zake za chumvi, Fusae anajulikana kwa ulimi wake, na Kinuyo anajulikana kwa pua. Wenzake wakienda kuchuma yomogi, yale majani ya kutia kwenye mochi, mikate laini ya mchele wa kunata, hugeuza jani mojamoja walitazame upande wa chini. Kinuyo hakuwa na habari hiyo. Yeye anakwanyua, anafikicha kwa vidole, ananusa, anatia kapuni, macho yako kwingine kabisa na mdomo unapiga soga.

"Nyie tazameni," alizoea kuwaambia. "Mimi nifungeni kitambaa usoni, muone kama kapu langu halitajaa kabla ya yenu."

Maneno hayo aliyasema miaka nenda miaka rudi, harusini, msibani, hata siku za kuzibua mifereji ya mashamba. Sasa ukishajigamba hivyo mbele ya kila mtu, unaanzaje kusema pua imekufa? Kwa mdomo gani?

Na jambo lenyewe si la mchezo. Yomogi ana jirani yake aitwaye torikabuto, na theluji inapoyeyuka, yote mawili yakiwa machanga, utadhani ni mapacha. Yomogi lina manyoya meupe chini ya jani na harufu kali inayopanda mpaka kichwani. Mwenzake ni kijani pande zote, laini, halina harufu, na linaua. Linaua kweli, si hadithi ya kutishia watoto: mdomo unakufa ganzi, tumbo linachafuka, halafu moyo unaanza kwenda unavyotaka wenyewe. Kila mwaka gazeti la mkoa huandika habari za mtu fulani mahali fulani aliyejitia anayajua majani. Kule juu watu hufundishwa tofauti hiyo kabla hawajafundishwa kusoma.

Mwaka wa kwanza na wa pili bila pua, Kinuyo alichuma huku akigeuza majani kwa siri, mgongo kawapa wenzake. Mwaka huu akaenda peke yake. Kwenye matuta ya mashamba ya mpunga, mahali pake pa siku zote, theluji ilikuwa bado haijaondoka, kwa hiyo akateremka kijitoni chini ya mierezi, ambako majani yalikuwa yameshachomoza. Kulikuwa na kivuli, miwani ilikuwa imeshika ukungu, na magoti yalikuwa yanamlalamikia. Alijaza kapu harakaharaka akarudi nyumbani.

Ilikuwa sikukuu ya wasichana, ile ya kupanga wanasesere wa mfalme na malkia sebuleni. Watu wa bondeni huimaliza mwezi mzima kabla, lakini huku juu hungojwa mpaka ardhi ionekane. Mjukuu wa kike wa Kinuyo alikwisha kwenda chuo zamani. Wanasesere walipangwa vilevile, na mochi zilitengenezwa vilevile, kwa sababu Kinuyo hakuwahi kuruka mwaka hata mmoja.

Msaidizi wake jikoni alikuwa Chiharu, mke wa mwanawe Yoshinori. Yoshinori huendesha lori la masafa na hurudi mwisho wa wiki, kwa hiyo siku nyingi wanawake hao wawili walikuwa peke yao. Chiharu alizaliwa Osaka. Alikuwa ameolewa pale zaidi ya miaka ishirini, ana mvi zake, na mama mkwe wake alikuwa bado anamsimanga kama aliyeshuka treni juzi.

"We Chiharu, mchele umeutoa kwenye maji saa ngapi?"

"Alfajiri, Mama."

"Alfajiri ya Osaka au ya hapa?"

"Ya hapa, Mama. Ile yenye baridi."

"Haya. Upandishe kwenye mvuke. Kwenu sijui hata kama mnajua mochi inatoka kwenye mchele. Mnadhani inazaliwa dukani, imevaa plastiki."

"Tunajua, Mama. Kwenye plastiki kuna picha ya mchele."

Kinuyo aliguna. Alipenda kujibiwa, ingawa asingekubali hata umpige.

Walifanya kazi bila kugombana sana. Mchele wa kunata uliiva kwenye mvuke, ukamwagwa kwenye mashine ya umeme ya kutwangia, ikaanza kunguruma sakafuni na kuupindua mpaka ukawa donge moja linalong'aa. Majani Kinuyo aliyashughulikia mwenyewe, hakumruhusu mtu kuyagusa. Aliyachemsha kwa magadi, kama inavyotakiwa, ili yalainike na ukali upungue. Zamani alikuwa anasimama juu ya sufuria, na mvuke ukibadilika harufu anajua sasa basi. Siku hiyo alisimama vilevile, akafumba macho vilevile, na mvuke ukamlowesha uso bila kumwambia neno. Akaongeza magadi kidogo. Akasita, akaongeza tena. Halafu akayakamua, akayakatakata, akayasaga kinuni, akayatia kwenye mashine, na donge jeupe likageuka kijani kizito.

Maharagwe mekundu yalikuwa yameshapondwa na kutiwa sukari na chumvi tangu jana yake. Walikaa chini wakitazamana, mikono imepakwa wanga, wakawa wanamega donge la moto, wanalitandaza kiganjani, wanaweka tonge la maharagwe katikati, wanafumba, wanaviringa. Chiharu alikuwa anaunguzwa vidole, anapuliza. Kinuyo hakuwa anapuliza. Mwishowe wakazigaragaza zote kwenye unga wa soya uliokaangwa, na hapo Kinuyo akazipanga kwa utaratibu usiobadilika: sahani ya marehemu, sahani ya wanasesere, masanduku matatu ya majirani, na zilizobaki ni za nyumbani, zisiguswe mpaka chai ya alasiri.

"Umesikia? Alasiri."

"Nimesikia, Mama."

Kinuyo akayafunga masanduku kwa vitambaa, akabadilisha aproni, akaenda kugawa. Kule sanduku la chakula halirudishwi tupu. Ukipelekewa mochi, unakula, unaosha sanduku, unatia chochote ulichonacho, mayai mawili, kipande cha figili, hata kiberiti, ndipo unalirudisha. Kila mwaka masanduku ya Kinuyo yalirudi na kitu ndani, na kila mwaka majirani walimwambia zilikuwa tamu mno. Mzee Tokuji alilipokea kwa mikono miwili. Bi Mitsue, wa nyumba ya bluu, aliinama karibu aguse kizingiti. Fusae alisema, "Mwenzangu, hata huchoki?" na akalipokea pia.

Aliporudi, Chiharu alikuwa amemaliza kuosha masufuria na amekwenda nyuma kuanika. Kinuyo akachukua kapu ili akung'ute majani machache yaliyobaki. Akayamwaga juu ya gazeti, karibu na dirisha, penye jua. Akayapapasa. Mkono ukasimama.

Jani moja lilikuwa laini.

Akaligeuza. Kijani juu, kijani chini. Manyoya hakuna. Akaliweka, akaligeuza tena, utadhani lingebadilisha mawazo. Akalileta puani akavuta pumzi kwa nguvu zake zote. Hakusikia kitu. Akachukua yomogi la kweli, lenye manyoya yake, akalifikicha, akalivuta. Hakusikia kitu. Moja limebaki kapuni. Sufuriani yalikwenda mangapi? Masanduku matatu yalikuwa yamekwisha kupelekwa. Mzee Tokuji ana mashine ya betri kifuani, inayomwendeshea moyo. Bi Mitsue ana mume mgonjwa wa figo. Na Fusae ni Fusae, wamecheza pamoja tangu utoto.

Sitamtetea. Kulikuwa na dakika, labda si dakika nzima, ambapo Kinuyo alifikiri kulitia lile jani mfukoni na kunyamaza. Huenda lilikuwa moja tu. Huenda hakuna kitakachotokea. Na asiponyamaza, itabidi aseme kila kitu, na yeye ni nani kitongojini pale bila pua? Bibi mmoja wa kawaida mwenye magoti mabovu. Alilitia jani mfukoni. Halafu akaliona sanduku la Tokuji akilini, na mikono ile miwili ilivyolipokea.

"Chiharu!" aliita. "Chiharu we! Njoo upesi!"

Chiharu alikuja na nguo mbichi begani.

"Nusa hili," Kinuyo alisema, akamnyooshea lile jani.

"Mimi nikunusie wewe, Mama?"

"Nusa, nakwambia!"

Chiharu akanusa. Akageuza jani, akanusa tena. "Halina harufu."

"Na hili?"

"Hili ni yomogi." Akamtazama mama mkwe wake usoni, akatazama kapu, akatazama tena uso. "Mama. Wewe husikii?"

"Sisikii," Kinuyo alisema. "Tangu yale mafua. Sisikii chochote, Chiharu, hata moshi sisikii. Nimewapelekea watu sumu."

Chiharu hakusema "ningejua" wala hakusema "nilikwambia". Aliitazama sinia ya mochi iliyofunikwa kitambaa, kisha akatupa nguo chini, akachukua simu. Akampigia Tokuji, ikalia tu. Akampigia Mitsue, ikalia tu. Fusae vilevile. Ilikuwa siku ya kwanza ya jua baada ya theluji, nani angekaa ndani?

"Vaa viatu, Mama. Tokuji kwanza."

Waliteremka mteremko ule mbio, kama mbio za Kinuyo zinaweza kuitwa mbio. Mzee Tokuji alikuwa uani anaondoa mbao za kuzuia theluji madirishani. Sanduku lilikuwa ukumbini, kitambaa bado kimefungwa.

"Umekula?" Kinuyo alifoka kabla hajafika.

"Nini?"

"Mochi! Umekula mochi?"

"Aa. Bado. Nilikuwa... naziacha za baadaye."

Kinuyo alitaka kumkumbatia. "Usizile. Nili..." Ulimi ukakwama. "Nimesahau kutia sukari."

"Mama," Chiharu alisema nyuma yake.

"Nimechuma jani la torikabuto," Kinuyo alisema, na sauti ikamtoka kubwa kuliko alivyotaka. "Nimelichanganya. Zina sumu."

Alitegemea mzee aruke. Tokuji hakuruka. Aliingia ndani taratibu, akalitoa sanduku na kitambaa chake, akamkabidhi kwa mikono miwili, vilevile alivyolipokea. "Basi chukua," alisema, na hakumtazama machoni.

Kwa Bi Mitsue mambo yalikuwa ya ajabu zaidi. Sanduku lilikuwa limeoshwa, linakauka juu ya uzio. Kinuyo alipoliona alishika kifua.

"Mmekula zote?"

"Hapana! Hapana, Bi Kinuyo, hatujala!"

"Sasa ziko wapi?"

Bi Mitsue aliiva uso mpaka masikioni. Ni mwanamke mpole, hajui kusema uongo, na hilo ndilo linalomtesa. "Zi... zilidondoka," alisema.

"Zote?"

"Zote."

Chiharu alikuwa amezunguka mlango wa nyuma. Alirudi na furushi la gazeti alilolitoa kwenye ndoo ya maganda. Zilikuwa humo, nzima, zimefungwa vizuri kwa gazeti la jana, kazi ya mtu aliyezoea. Kinuyo alizitazama. Alipaswa kufurahi, na kweli alifurahi. Lakini akalitazama tena lile sanduku pale uzioni. Sanduku lake lilikuwa halijakaa nyumba ile hata saa nzima.

"Twende kwa Fusae," Chiharu alisema. Alisema polepole, na Kinuyo akadhani amechoka kwa kukimbia.

Fusae alikuwa kwenye karakana yake, anaosha kile kigari chake kidogo cha kubebea mboga. Alimsikiliza Kinuyo akieleza habari ya lile jani mpaka mwisho, bomba la maji mkononi, bila kumkatiza, jambo ambalo si kawaida yake.

"Sijala," alisema.

"Afadhali. Nipe basi."

"Kinuyo. Sijala, na hata usingekuja nisingekula. Sijala mochi yako tangu mwaka juzi."

"Unasema nini?"

"Hakuna anayezila! Sasa nikufiche nini, leo umesema la kwako, na mimi niseme langu. Zina magadi mpaka zinachoma ulimi. Chungu! Mwaka juzi tulidhani ni bahati mbaya. Mwaka jana Mitsue alitapika. Tukaambizana, nani amwambie? Tokuji akasema nikwambie mimi, mimi nikasema akwambie yeye. Tukaona aibu. Tukawa tunapokea na kusema tamu sana, tamu sana."

Kinuyo alisimama pale na masanduku mawili mkononi. Alikasirika, usifikiri hakukasirika. Alitaka kumpiga Fusae kwa sanduku. Miaka miwili wanamwinamia, wanampongeza, wanamrudishia mayai na figili kwa chakula walichokizika kwenye maganda! Na wakati huohuo alijua kwamba aibu yao hiyo ndiyo iliyowaokoa wote, na kwamba kama wangekuwa watu wakweli leo angekuwa ameua mtu. Hakujua ashike lipi. Akaanza kulia kwa hasira.

"Wanafiki nyie," alisema. "Wanafiki wakubwa. Asanteni."

"Mama," Chiharu alisema.

Alikuwa amejishikiza kwenye mlango wa karakana, anajipapasa midomo kwa vidole, tena na tena.

"Mama, midomo siisikii."

Bomba likamtoka Fusae mkononi. Maji yalikuwa yanamwagika tu.

"Wewe umekula?" Kinuyo alinong'ona.

"Mbili. Ulipokuwa unagawa."

"Na hukusema!"

"Tokuji ana betri moyoni. Mimi moyo wangu ni mzima." Akajaribu kucheka, akageuka, akatapika kwenye mfereji.

Gari la wagonjwa hutoka mjini, na kupanda kule si chini ya nusu saa. Fusae alipiga simu, akawaambia anateremka kuwapokea njiani, akafungua mlango wa kigari. Kigari kile kina viti viwili tu. Chiharu akaingizwa mbele. Kinuyo, na umri wake ule, alipanda nyuma pamoja na majembe na matenga ya vitunguu, akashika chuma kwa mikono yote miwili.

"Hairuhusiwi!" Fusae alisema.

"Endesha!"

Fusae akaendesha. Upepo ulimvua Kinuyo kilemba, kila kona majembe yalimgonga miguu, na kupitia kioo kidogo cha nyuma aliona kichwa cha Chiharu kinavyolala upande mmoja, kinainuka, kinalala tena. Alikuwa anapiga kile kioo kwa kofi. "Usilale! Chiharu! Usilale we mtoto wa Osaka! Nani amekwambia ulale?" Hakujua kama anasikika. Aliendelea kupiga mpaka walipokutana na gari la wagonjwa darajani.

Hospitalini walimtundikia maji, wakamfunga nyaya kifuani. Daktari alikuwa kijana mwenye haraka. Aliuliza Chiharu amekula nini, na Kinuyo akatoa lile jani mfukoni. Akauliza nani alilichuma.

"Mimi."

"Hukutambua, Bibi?"

Fusae alikuwa amekaa pale kwenye benchi, masikio yote wazi. Kinuyo hakupunguza sauti. "Pua yangu haisikii harufu. Miaka miwili sasa. Nimewaficha watu wote."

Baadaye, daktari alipokwisha ondoka, Fusae alisema tu, "Mwenzangu, na mimi nilidhani unajifunzia upishi mpya," na akampa kitambaa cha kufutia uso.

Moyo wa Chiharu ulikwenda mrama mpaka jioni, kisha ukaanza kurudi kwenye mwendo wake. Daktari alisema bahati yake majani yalichemshwa sana, na huenda sumu ilikuwa ya jani moja au mawili tu. Ila walimlaza. Kinuyo alikataa kurudi nyumbani. Alikaa kwenye kiti, akisikiliza ile mashine inavyolia, na kila ilipokawia kidogo na yeye alikawia kupumua.

Asubuhi Chiharu alifumbua macho, akaomba maji, akanywa. Uso ulikuwa umepauka lakini ulikuwa uso wake. Yoshinori alikuwa njiani anakuja na lori lake na mzigo wake wote. Kinuyo alivuta kiti karibu.

"Kwa nini ulikula?"

"Nilikuwa na njaa."

"Usinifanyie mzaha. Wote walizitupa. Fusae kazitupa, Mitsue kazitupa, hata yule mzee na njaa yake ya ujane kazitupa. Wewe kwa nini ulikula? Mwaka juzi ulikula. Mwaka jana ulikula. Nilikuona."

Chiharu alitazama dari.

"Mwanzoni sikuwa na pa kuzitupa," alisema. "Wao wana nyumba zao. Mimi naishi na wewe, na wewe unapekua mpaka pipa la takataka. Kwa hiyo nikala."

"Halafu?"

"Halafu nikazoea."

Kinuyo alitaka kusema jambo kali, alikuwa nayo mengi, akiba ya miaka ishirini. Akayatafuta yote asione hata moja. Machozi yalianza kumtoka, na safari hii hayakuwa ya hasira, na hakujisumbua kuyaficha. Alimshika mkwe wake kifundo cha mguu juu ya blanketi, kwa sababu mikono yote ilikuwa na sindano na nyaya.

"Lakini Mama," Chiharu alisema, "ukiacha hayo magadi, na chumvi unayotia kwenye maharagwe inazidi."

"Chumvi?"

"Inazidi mno."

"Na hukuwahi kuniambia?"

"Nakwambia sasa."

Kinuyo alijifuta pua ile isiyo na kazi kwa kiganja. "Nipunguze kiasi gani?"

"Tia nusu."

"Nusu," Kinuyo alisema. Akaendelea kuirudia kimyakimya, midomo ikichezacheza, kama mtoto aliyetumwa dukani anayeogopa kusahau njiani.